Mshono wa Mama Mbele ya Jaji

Tanga mjini

Mdogo wangu Zaina,

Najua ukiipokea barua hii utasema "shikamoo kaka" ingawa karatasi haina masikio. Marahaba, mdogo wangu. Goti linasemaje? Mvua zimefika Kwaluguru, au bado mnayatazama mawingu yakienda kunyesha kwa wengine? Mimi sijambo. Matibabu ya macho yanaendelea, na mwanao Rehema anayenilea hapa ananinyima chumvi kama vile nilimkosea.

Sasa nikupe habari uliyonituma kuifuatilia. Keti kwanza. Juzi Mahakama Kuu ilisoma hukumu ya rufaa ya Saidi, kijana wa jirani yako aliyefungwa kwa lile gunia lako la maharage lililoporwa, na Saidi ameachiwa huru.

Usiitupe barua. Nilihudhuria siku ya kusikilizwa na siku ya hukumu, na niliyoyaona yamenitia haya na fahari kwa pamoja. Acha nikueleze taratibu, unanijua.

Kwenye rufaa mashahidi hawaitwi tena. Hukuitwa kwa sababu hiyo, si kwamba walikudharau. Jaji anasoma mwenendo wa kesi, yaani kila neno lililoandikwa kule mahakama ya Handeni, halafu anaupima ushahidi upya, kama mwanamke anayepepeta tena mahindi yaliyokwisha kupepetwa na mwenzake. Pembeni yangu alikaa mzee mmoja Msambaa wa Korogwe, aliyefuata kesi yake ya shamba. Aliposikia ninatoka Handeni akaninong'oneza, "Ninyi Wazigua, hata gunia la maharage linawafikisha Mahakama Kuu?"

Nikamjibu, "Na ninyi mmeletwa na migomba." Tukacheka mpaka askari akatukazia macho.

Jaji ni mama wa makamo, sauti yake ndogo. Alianza na utambuzi. Wewe ulisema walikuja wawili wakati wa magharibi, wamefunga nyuso kwa vitambaa, na mmoja aliyekuwekea panga ulimjua kwa sauti aliposema, "Mama, tulia." Jaji akamuuliza Wakili wa Serikali kama maneno mawili yanatosha kumjua mtu.

"Mheshimiwa, alimfahamu tangu utotoni."

"Hilo silikatai," jaji akasema. "Lakini mwenye panga shingoni husikia pia hofu yake."

Kisha akaeleza jambo ambalo sikuwahi kuwafundisha wanafunzi wangu miaka yote niliyoshika chaki. Shahidi mwongo anaweza kunaswa kwa maswali. Shahidi mkweli aliyekosea ni mgumu zaidi, kwa sababu anasema kwa moyo wake wote na kila mtu anamwamini. Kwa hiyo mahakama hutafuta kitu kingine cha kuyashika mkono maneno yake.

Kitu hicho kilikuwa gunia. Unakumbuka lilivyokutwa nyumbani kwa Saidi siku ya nne, ukalitambua kwa mdomo wake: uzi wa katani, misalaba miwili miwili, fundo limefichwa ndani. Nami nilisema mbele ya watu kwamba huo ni mshono wa mama, hauna mwenzake duniani. Hakimu akaamini, na Saidi akapewa miaka thelathini.

Basi jaji akafungua ukurasa mmoja, akasoma kwa sauti pale ambapo Saidi, asiye na wakili, alikuuliza mwenyewe:

"Shangazi, mshono huo ulifundishwa na nani?"

"Na marehemu mama yangu."

"Na mama yangu mimi, alifundishwa na nani?"

"Na mama huyo huyo, alipoolewa hapo jirani. Tulikuwa tukishona pamoja barazani."

Maneno hayo yalikuwa yameandikwa tangu siku ile. Hakimu aliyapita. Mimi nilikuwamo mle ndani nikiyasikia, nami nikayapita, na hali nilikula ubwabwa kwenye harusi ya Mama Saidi na nilimwona mama akimshikisha sindano ya magunia.

Jaji akauliza, "Sasa alama hii ni ya mlalamikaji, au ya kila aliyepita mikononi mwa bibi yule?"

Wakili wa Serikali, kijana mstaarabu, akafunga jalada lake. "Mheshimiwa, kwa gunia hili siwezi kuitetea hukumu." Kazi yake ilikuwa kushinda, Zaina, na bado alisema hivyo. Nilimpenda.

Katika hukumu jaji alisema mwenye mali hutakiwa kueleza alama yake kabla hajaonyeshwa, tena iwe alama yake peke yake. Wewe ulionyeshwa gunia kwanza. Penye shaka, faida ni ya mshtakiwa. Hakusema Saidi ni malaika, alisema haikuthibitishwa. Na juu yako alisema ulikuwa shahidi mkweli, kwa kuwa ulijibu sawasawa hata pale jibu lilipokuumiza. Hapo nilivua miwani nikaifuta.

Yule mzee wa Korogwe, niliyekwisha kumweleza habari zetu, akaniinamia. "Mwalimu, aliyemtoa kijana ni dada yako."

Najua inauma. Maharage hayakurudi na wenye panga hatuwajui. Lakini kama si yeye, basi amekaa gerezani misimu miwili ya mavuno kwa uzi wa mama yetu, nami ni mmoja wa waliomfunga.

Nilimkuta nje ya mahakama, amekonda, kiatu kimoja hakina kamba. Akainama, "Shikamoo mwalimu." Nilipoitikia, akauliza, "Na shangazi ataniitikia?" Nikamwambia sijui, nitamwandikia.

Nisalimie shemeji yangu, mumeo, na mkwe wetu fundi baiskeli. Salamu zangu kwa Mama Saidi zipeleke kwa miguu yako mwenyewe, usitume mtoto. Tangu kesi ianze mmekuwa mkipishana njia ya kisimani, na inatosha.

Saidi atafika Ijumaa, na njia ya kwao inapita mlangoni pako. Atasimama, atasema shikamoo. Sikuamrishi. Nakukumbusha tu kwamba mimi leo nimekuitikia hata kabla hujafungua kinywa.

Kaka yako,
Athumani