Namba Nyekundu Chini ya Tabaga

Jumatatu, 3 Februari

Nimefungua chumba changu cha makumbusho saa tatu. Nimefagia. Nimepangusa redio ya mbao, pasi ya makaa, koroboi, vitu vyote kumi na vitatu. Vumbi la Laini Saba, hapa Kibera, halijui makumbusho. Ameingia mtu mmoja tu, kuuliza kama hapa bado ni kinyozi.

Watu wananijua kwa mabango. Wafula wa kuandika maduka. Haya, ni kweli, hiyo ndiyo inalisha nyumba.

Nimesoma kurasa sita za kitabu changu cha kazi ya makumbusho. Nilikipata kwa mitumba, bila jalada, Kizungu chake kigumu kama kokoto. Kinasema curator, yaani mtunza makumbusho, akiwa mzuri haonekani chumbani, vitu ndivyo viongee. Hilo nimelipenda. Kinasema pia hilo neno lilitokana na neno la kale la kutunza na kuuguza. Mke wangu Nekesa anasema nianze kuuguza bati la nyumba yetu kule Kabiro kabla mvua haijarudi.

Jumatano, 5 Februari

Amekubali! Miezi mitatu nikipiga guu hadi Kambi Muru, na leo Hababa Zuhura amekubali. Hababa ndivyo Wanubi huita nyanya, na mtaa mzima unamwita hivyo.

Nimepewa tabaga yake, kifuniko cha chakula cha kusukwa kwa majani, pana kama gurudumu la baiskeli, zambarau na kijani. Mamake ndiye alisuka. Siku tingatinga lilipokuja kubomoa nyumba ya Hababa ipite barabara, alitoka na vitu viwili: Msahafu na hii tabaga.

Ameniuliza mara tatu kazi yangu ni gani. Nikasema curator. Akasema, "Keateka." Nikasema hapana Hababa, curator. Akasema, "Si ndiyo hiyo. Keateka." Sauda, mjukuu wake, alicheka mpaka akashika ukuta. Keateka kwetu ni yule mtu wa landilodi, wa kugonga milango na kufuli mkononi. Nilicheka pia. Iliniuma kidogo.

Sharti ni moja. Irudi kabla ya tarehe ishirini na mbili. Siku hiyo Sauda anaolewa, na chakula cha bibi harusi kitafunikwa na tabaga hiyo. Hababa alifunikiwa nayo. Mamake Sauda pia. Nimeapa.

Alhamisi, 6 Februari

Nimeitundika mkabala na mlango. Chumba kimekuwa chumba. Mama wa mandazi ameacha karai motoni kuja kuiona. Nimejisikia mtu, acha niseme ukweli.

Halafu nikafuata sura ya saba. Kila kitu kipewe namba ya kudumu, upande usioonekana. Kalamu ilikataa kushika kwenye majani. Nikachukua rangi ya mafuta iliyobaki kwa bango la bucha. Nyekundu. Brashi ndogo. Katikati ya upande wa chini nikaandika K14. K ya Kibera. Ni mwandiko wangu bora, hata ile 4 nimeitilia kivuli.

Jumanne, 11 Februari

Joto. Stima hakuna. Watu wawili, mmoja alitaka kivuli tu.

Ijumaa, 14 Februari



Hababa alikuja baada ya swala, na Sauda. Mwanzo ulikuwa mzuri. Alisimama mbele ya tabaga, akaguna, akasema mamake angecheka kuona kifuniko chake kimepewa ukuta mzima kama picha ya rais. Akataka kuishika. Akaitungua mwenyewe. Akaigeuza.

Akakaa chini, sakafuni, na magoti yale yake.

"Hata wewe," akasema. Halafu akaeleza polepole, kama ananifundisha. Watu wa barabara walikuja hivyo hivyo. Mkebe wa rangi nyekundu na brashi. Walianza na ukuta wa jikoni. Herufi, halafu namba. Wakasema ni ya kuhesabu tu, mama, usiogope.

Nilieleza kitabu. Nilieleza sura ya saba. Sauda alitaka waibebe waende nayo. Hababa akakataa. Kitu kikishapigwa namba hakirudi nyumbani, alisema.

Mlangoni akageuka. "Keateka, unabomoa lini?"

Hakuwa anatania.

Jumapili, 16 Februari

Nimejaribu mafuta ya taa. Nimejaribu thina ya kuyeyushia rangi. Namba haikutoka, ilitambaa. Zambarau nayo ikaanza kulia ndani ya nyekundu. Sasa kuna doa la ukubwa wa kiganja, na K14 bado inasomeka katikati. Nimeacha kabla sijaimaliza kabisa.

Nikarudi kwa kitabu kutafuta dawa. Ndipo nikaona. Sura ya saba ina kurasa mbili zimeshikana. Chai. Chai yangu mwenyewe, ya siku nilipokinunua. Nimezipitisha kwa mvuke wa sufuria, nikazibandua kwa kisu.

Vitu vya kusukwa haviandikwi. Ndivyo inavyosema. Namba iandikwe kwa kipande cha kitambaa, kishonwe na uzi, mishono minne, kiweze kutolewa bila kuacha alama.

Uzi! Nekesa ana kopo zima la uzi juu ya kabati. Nimejichukia leo kuliko siku yoyote ya maisha yangu.

Jumatano, 19 Februari

Kambi Muru. Tabaga nimeifunga kwa leso. Nimesimama mlangoni kama mtu wa kuuza sabuni. Hababa yuko ndani, nimemsikia akikohoa. Hajatoka.

Sauda ametoka na hina mpya mikononi, hata kuipokea hangeweza. Amesema, "Ameshukuru. Amesema ukae nayo." Halafu akaongeza kwa sauti ya chini kwamba yeye angeichukua hivyo hivyo, na doa lake, lakini si yeye wa kuamua.

Miezi mitatu niliitamani tabaga hii. Sasa ni yangu. Nimerudi nayo Laini Saba nikiona aibu kuibeba.

Jumamosi, 22 Februari

Sikualikwa. Sikufukuzwa pia. Nilisimama kando ya kibanda cha makaa.

Wanawake walipita na masinia kichwani, ngoma nyuma yao. Juu ya kila sinia kulikuwa na vile vifuniko vya wavu wa plastiki vya dukani, vya pinki. Sinia la Sauda nililijua kwa sababu walilibeba chini chini, na Hababa alitembea kando yake, mkono juu ya plastiki, isipeperushwe na upepo.

Aliniona. Akanisalimia kwa kichwa tu, vile mtu husalimia keateka. Nimekuja nyumbani, Nekesa ameniuliza kama nimekula. Nimesema ndiyo. Uongo.

Jumanne, 25 Februari

Nimeitundika upya. Upande wa chini ndio unaotazama mlango sasa, na namba, na doa. Nimetoa kibandiko cha zamani, nikaandika kingine kwa mkono, herufi za kawaida, bila kivuli:

Tabaga. Ilisukwa na mamake Hababa Zuhura wa Kambi Muru. Ilitoka nzima siku nyumba ilipobomolewa. Imefunika chakula cha bibi harusi wawili. Wa tatu alifunikiwa kwa plastiki. Namba nyekundu iliandikwa na Wafula, keateka wa chumba hiki.

Kitabu kinasema curator mzuri haonekani chumbani.

Ameingia mama mmoja na mtoto mgongoni. Amesoma mpaka mwisho. Ameuliza Wafula ni nani. Nimemwambia ni mimi. Amekaza leso ya mtoto, akatoka.

Nimefagia. Nimefunga.