Maua ya Mtukufu Rais

Mjukuu wangu Rahma,

Huku Muscat sote wazima, alhamdulillahi. Gari la baba yako tu liko gereji mtaa wa Ghala wiki ya pili, naye kanuna utadhani kalazwa yeye.

Umeniuliza kama kweli yule rais wa kule bara tulikozaliwa, aliyefunga watu ovyo, hakumwogopa mtu. Nna kisa kimoja.

Nilikuwa darasa la nne, nikachaguliwa kumpa maua sikukuu ya uhuru. Sura yake siijui, picha zote zilikuwa za ujana wake. Mwalimu akanambia, "Atakayeingia wote wakasimama, ndiye. Piga goti, mpe."

"Na nikikosea?"

"Mimi na baba yako tutalala ndani."

Tulipofika, wakubwa wamejaa jukwaani, wamekaa. Mara akaingia Mzungu, balozi wa wale waliotutawala. Wote wakasimama, wa kwanza bwana mmoja mnene, anafunga vifungo vya koti mbiombio. Nilishangaa rais kuwa Mzungu, lakini mie mtoto wa kufuata nilichofundishwa. Nikapiga goti, nikampa maua.

"Shikamoo, Mtukufu Rais!"

Mwalimu kashika kichwa. Balozi akacheka, akampa maua yule bwana mnene, naye akayapokea kwa mikono miwili, akainama, akashukuru mara tatu. Ndipo nikajua rais ni yupi.

Hakufungwa mtu. Rais alifurahi mno kupewa maua na balozi.

Nakuombea kheri, mwanangu. Vaa soksi.

Bibi yako