Kitenge cha Jocelyne

Najma shoga, we acha tu! Yule Mslovenia Gorazd, mwandishi wa filamu aliyepanga chumba kwetu hapa mtaani Bellevue, mshenzi kabisa!

Si unajua kila filamu aliyoandika kwao lazima ajipe nafasi ya kuigiza? Na hii anayoipiga hapa kwetu kajipa pia!

Jocelyne, mpangaji mwenzetu, alimsimulia alivyomzika mama yake njiani wakikimbia Kongo. Leo mbele ya kamera kapewa kumimina chai tu, kimya. Maneno yake anayasema Gorazd!

"Nilimfunika kwa kitenge changu." Kitenge CHAKE! Na machozi juu!

Eish, Jocelyne akammwagia chai yote kifuani: "Ni mama yangu, hapana yako!"

Gorazd hata hakujifuta. Akamgeukia mpiga picha: "Umeipata hiyo? Hiyo inabaki kwenye filamu."