Yule binti wa kipindi akikupigia, usipokee

Mwenzangu uko wapi? Acha unachofanya usome hapa.

Nimetoka studio sasa hivi, kwenye kile kipindi cha vichekesho walichomwalika binti yangu na kitabu chake. Mtangazaji meno nje, "Dada mwandishi, hapa una uhuru wa kusema lolote!" Watu makofi.

Akamuuliza, "Yule bosi mnyanyasaji kwenye kitabu ni nani?" Mwanangu akasema ni wa kubuni. Ndivyo anavyosema siku zote, maana yule bwana alishaapa kumpeleka mahakamani.

Mtangazaji akakunjua karatasi. "Mbona mama yako anasema ni bosi wako wa zamani, mwenye kiwanda cha magodoro?"

Mama yako anasema! Ukumbi mzima kicheko. Mama yako anasema!!

Mwanangu akanigeukia pale nilipokaa.

Ni yule binti wa kipindi aliyenipigia juzi, sauti laini, "Shikamoo mama, tusimulie utoto wa mwandishi." Nikamwaga yote mpaka hilo la bosi. Kumbe yeye anaandika! Uhuru wa kusema, kumbe walikuwa wanawinda mdomo wangu.

Sasa sikia. Aliniuliza nani mwingine anamjua yule bosi. Nikampa namba yako, kwa vile ulishona magodoro pale. Usipokee. Akikuamkia kwa adabu, kata upesi zaidi.

Naona tiki za buluu, umesoma.

Mbona kimya?

Ulimwambia nini?