Mawe Meusi ya Mama

Yaya Furaha, dada yangu mkubwa, mimi ni mzima, ila joto la Durban linanichemsha kama muhogo. Kaka Justin hakutaka nirudi Goma bila kuona kitu, akatukodia mtembezaji wetu wenyewe, mzungu wa kaptura, atuonyeshe mawe. Mawe, yaya! Na mimi nimevaa kitenge kipya na viatu vya kisigino, nikijua tunaenda kupiga picha za kutuma kanisani.

Kwanza akapapasa mwamba kando ya barabara: "Hapa palikuwa na barafu tupu, zamani sana." Jasho linanitiririka, natafuta hiyo barafu walau niitie kwenye soda. Halafu tukapanda milimani. Akasimama juu ya jiwe jeusi, akanong'ona kama padri anayeungamisha: "Fumba macho, mama. Waza moto wa volkano unakuja."

Nikamwambia sina haja ya kufumba. Kwetu ulikuja, ukameza jiko letu, na mama akarudi mbio kuokoa sufuria ya maharagwe. Justin akajifanya anatazama ndege.

Nilipookota kipande kidogo cha lile jiwe, yule mzungu akanikataza: mawe hayo yanalindwa, ni urithi. Eish! Jiwe la moto uliokufa lina uzio na mlinzi. Sisi tuliokimbia moto wenyewe tulipewa hema lenye matundu.

Nimewakumbuka mno. Nibusie mama, umwambie yale mawe meusi aliyojengea choo ni urithi. Akiingia humo, aingie kwa heshima.

Mdogo wako, Riziki