Jina Kabla ya Maji

Jumatatu, 18 Oktoba

Nimefika tena kuchuma. Mgongo umekufa kwa basi. Shamba la zafarani limechanua leo leo, kama lilikuwa linanisubiri mimi — zambarau mpaka kwenye vilima, na ukungu juu yake umetulia kama maziwa yaliyomwagika na hakuna wa kuyafuta.

Bi Vaya kanipa kitanda kile kile nyuma ya jiko, blanketi lile lile la sufu linalochoma shingo. Kaniangalia juu mpaka chini. Umekonda, Stamata, huko kisiwani kwenu mnakula upepo? Nikamwambia hapana, upepo ndio unaotula sisi. Kacheka. Bi Vaya akicheka nyumba nzima inapumua.

Kichanga amekuwa mtoto kweli! Anashika viti, anajaribu hatua mbili, anaketi kwa kishindo, anatutazama kama sisi ndio tulioanguka. Bado hana jina. Mwaka mzima wanamwita Kichanga tu, kama watoto wote wa hapa ambao maji ya padre hayajawagusa.

Alinikodolea macho sana. Nadhani hanikumbuki. Lakini mimi ndiye niliyempokea! Asubuhi ile ya mwaka jana mama yake, Tasoula, alipiga magoti katikati ya maua, kikapu mkononi, akasema, "Dada, ni sasa." Nikamfunga mtoto kwenye aproni yangu. Jua lilikuwa linachungulia. Ile aproni bado ninayo, na doa la njano la zafarani halijatoka.

Jumanne, 19 Oktoba

Shambani kabla ya jua. Ua la zafarani huchumwa likiwa bado limefumba, kiuno kikunjwe, macho chini. Saa nzima unaona mikono yako tu inakwenda yenyewe kwenye ukungu, kama mikono ya mtu mwingine. Mimi huota nikiwa macho. Leo niliota nachuma nyota na hazikuwa moto.

Jioni habari kubwa. Tasoula kaniomba niwe mama wa ubatizo wa Kichanga! Mimi! Mumewe Zisis akawa anatazama viatu vyake, anasubiri mama yake aseme kitu. Bi Vaya kasema ndiyo papo hapo. Nani angemkataa Stamata, akasema.

Sijazoea kukubaliwa haraka hivyo. Nimelala na furaha lakini jicho moja wazi.

Ijumaa, 22 Oktoba

Sasa nimejua.

Tulikuwa mezani tunachambua. Ndivyo jioni zote hapa: rundo la maua katikati ya meza, kila mwanamke anafungua ua, anatoa nyuzi tatu nyekundu, anatupa zambarau sakafuni. Mpaka tukiinuka tumezama kwenye maua hadi vifundoni. Jirani, Bi Malamo, alikuwa amekuja kusaidia, na ulimi wake ulikuja naye.

"Zisis, mwanangu," akasema, "wasichana wanne! Unafungua shule ya watawa?"

Zisis akacheka kwa upande mmoja wa mdomo. Bi Vaya hakucheka. Akasema huyu wa nne ataitwa Stamata, na mlango utafungwa. Atakayefuata atakuwa mvulana.

Wote wakanitazama. Tasoula peke yake ndiye aliyeendelea kutazama ua lililokuwa mkononi mwake.

Kumbe! Si mimi waliyemtaka. Ni jina langu.

Niandike hapa, maana sijawahi kuliandika. Jina langu maana yake ni "Koma". Neno lile lile tunalomwambia punda, na mtoto anayekaribia moto. Watu wetu wamelitumia tangu zamani: nyumba ikijaa wasichana, wa mwisho anapewa jina hilo ili ajue kuwa ndiye wa mwisho. Mimi nilikuwa wa sita. Baba hakuja hata kanisani. Alikaa mkahawani akatuma neno kwa msimamizi wa ubatizo: mwambie padre ni Stamata, na ifike mwisho habari hii. Mama ndiye aliyenisimulia, akidhani inachekesha.

Bi Malamo akaniuliza, "Na wewe mwenzetu, kwenu mlango ulifungwa?"

"Baada yangu walikuja wawili wengine," nikasema. "Wasichana."

Meza ikaangua kicheko mpaka maua yakaruka. Na mimi nikacheka. Utafanyaje?

Jumapili, 24 Oktoba

Zafarani haijui Jumapili. Tulichuma, kisha kanisa kidogo, kisha tulichuma.

Tasoula akanifuata nilipokuwa naosha vikapu. Akaongea akiwa amenipa mgongo, kama anaongea na maji. Anataka mtoto aitwe Anatoli.

Jina la bibi mzaa mama yake. Bibi huyo alikuja wakati Wakristo walipofukuzwa kutoka ng'ambo ya bahari, akiwa na sufuria moja na mtoto mmoja. Anatoli ni jua linapochomoza. Pia ndiyo nchi ile walikotoka, upande wa jua. Wakimbizi wengi waliwaita mabinti zao hivyo, akasema Tasoula, ili wakiita mtoto aje kula wawe wameita na nyumbani.

Nikamwambia kutoka kijijini kwetu, siku isiyo na vumbi, ng'ambo hiyo tunaiona. Mlima wa bluu. Jua letu hutoka huko kila siku. Alinigeukia kwa mara ya kwanza. Kweli? Kweli. Akanishika mkono wenye sabuni.

Kisha akasema Bi Vaya hataki hata kulisikia. Ati nyumba yake haiweki jina la "waliobatizwa kwa mtindi". Ndivyo wenyeji wa hapa walivyowaita wakimbizi, kama si Wakristo kamili, na bado wanawaita hivyo wakikasirika. Tasoula ameolewa hapa miaka tisa. Bado ni mtindi.

"Mimi sitakuwepo kanisani," akasema. Kweli, mila ya hapa mama hubaki nyumbani, jina huletewa. "Mdomo utakuwa wako, Stamata. Ukishalitamka padre akalirudia, hata mfalme hawezi kulifuta."

Nilikuwa na kikapu kimoja kilichobaki, nikakiosha mara mbili.

Jumatano, 27 Oktoba

Mvua nyembamba. Vidole vya njano, hata mkate una ladha ya zafarani.

Nimeota ubatizo wangu. Beseni la shaba, maji ya uvuguvugu, na mimi ndani yake nikiwa mtu mzima, na mgongo wangu huu huu mbovu. Padre anauliza jina. Kila anayefungua kinywa anatoka kipepeo wa zambarau, hakuna sauti. Nikaona mimi sina haraka. Maji yalikuwa matamu. Nikaamka nimekasirika kuamka.

Bi Vaya kaniwekea kipande kikubwa cha mkate wa liki, zile mboga kama vitunguu, akaketi mbele yangu mpaka nikamaliza. Alikuwa mpole. Kitanda hiki ni chako mwaka kesho, akasema, na mwaka unaofuata, hata ukizeeka usiweze kuinama. Mtoto mwenye jina lako hawezi kukufukuza.

Hapo alinipata. Sina mtoto. Watoto wa dada zangu wamechukua majina ya mababu na mabibi kama inavyotakiwa, nani ampe mtoto jina la shangazi asiye na nyumba? Nikifa, Stamata anakufa kabisa. Na hapa kuna msichana mnene mwenye meno manne ambaye angeitwa mimi. Wangeuliza, umepewa jina la nani? Angesema, la yule mwanamke wa kisiwani aliyenipokea kwenye maua.

Nimeliwaza hilo siku nzima. Ni tamu. Kama kunyonya kipande cha sukari ukijua jino lako ni bovu.

Jumatatu, 1 Novemba

Ukungu mzito, hata vilima vimeondoka. Kila mtu shambani ni kivuli. Nilikuwa na Kichanga mgongoni, amelala, na kwa kuwa hakuna aliyeniona nikajaribu.

Nikasema, Stamata. Kimya.

Nikasema, Anatoli. Akahema. Labda alikuwa anahema tu.

Nikalirudia na kulirudia kwa kunong'ona, mstari hadi mstari, mpaka kikapu kikajaa bila mimi kujua. Nilijiambia kunong'ona hakuna madhara.

Alhamisi, 4 Novemba

Nimefanya kosa. Kubwa!

Jioni, mezani, tumejaa wote. Kichanga akaachia kiti akaanza kutembea mwenyewe, kwa mara ya kwanza kweli kweli, mikono juu kama mlevi, moja kwa moja kuelekea jiko la kuni. Mlango wa jiko ulikuwa wazi. Kila mtu alipiga kelele neno lile lile: koma! Ambalo ndilo jina langu, kwa hiyo mimi nikageuka, kama ninavyogeuka maisha yangu yote. Yeye hakusimama. Nikafungua kinywa na kilichotoka kikawa:

"Anatoli!"

Akasimama. Akageuka. Akaja kwangu akicheka na meno yake manne, akaangukia mapajani.

Maua ya zambarau tele sakafuni na hakuna aliyesogeza mguu. Kisha dada zake watatu wakaanza kurukaruka, Anatoli, Anatoli, mpaka Zisis akawatoa nje.

Bi Vaya alikuwa amepauka. Akamtemea mtoto ptu ptu ptu kumkinga na jicho baya, akamchora msalaba wa mafuta kwenye paji la uso. "Umemwita kabla ya maji!" akaniambia. "Mtoto hajalindwa, na wewe unalitangaza jina lake! Unataka ibilisi alijue kabla ya malaika?"

"Jina gani, Vaya?" akasema Bi Malamo taratibu, bila kuinua kichwa. "Si ulisema ni Stamata? Basi hajaitwa."

"Wewe chambua maua yako!"

Tasoula alikuwa anatupa nyuzi sakafuni na kubakiza zambarau. Sijui kwa hofu au kwa kitu kingine. Kwetu pia tunajua haifai. Usiku mtoto akipata homa, ni mimi.

Ijumaa, 5 Novemba

Hana homa. Asante Mama wa Mungu. Anatembea nyumba nzima.

Jumamosi, 6 Novemba

Maua ya mwisho. Shamba limerudi udongo, kana kwamba tuliota wote pamoja.

Tulikuwa wawili tu jikoni, Bi Vaya na mimi, tunageuza nyuzi kwenye trei za kukaushia. Harufu kama asali na chuma. Nilidhani atanisema. Hakunisema. Akaniuliza kama najua kwa nini mwanawe anaitwa Zisis.

Najua, nikasema. Ni "aishi".

Akaniambia alizika wawili kabla yake. Wa kwanza alikuwa na nywele tayari. Wa tatu alipokuja, mkwewe alitaka jina la babu, na yeye Vaya, ambaye hajawahi kumjibu mtu, akasema hapana, aitwe Zisis. Na akaishi. "Mtazame alivyo mrefu," akasema. "Jina ni dawa, Stamata. Mimi simchukii mtoto. Namtafutia mwanangu mvulana kabla sijafa."

Nikageuza trei nzima. Kisha ikatoka tu.

"Zisis alikunywa dawa yake mwenyewe, Bi Vaya. Mimi nilinyweshwa dawa ya mtu mwingine. Ya kaka ambaye hakuja."

Aliacha kugeuza. Nyuzi zilianza kunuka kuungua pembeni, mimi ndiye nikavuta trei. Nilimwona anataka kusema kitu, na uso wake ulikuwa wa mwanamke kijana, yule aliyemjibu mkwewe. Kisha ukafunga.

"Kesho kanisani utasema Stamata," akasema.

"Kesho nitasema jina," nikasema.

Akanitazama. Akachukua taa akaenda kulala.

Jumapili, 7 Novemba

Naandika nimeketi kwenye ukuta wa kanisa, daftari gotini. Nimetoka mapema, kumekucha kweupe, baridi safi. Watu wanaingia.

Nimevaa gauni la Tasoula, limenibana kwapani. Mkononi mshumaa wenye utepe, mfukoni chupa ya mafuta. Vidole nimevisugua kwa limau na majivu, bado ni vya njano. Padre Lefteris ataviona nikimpaka mtoto mafuta. Aone.

Tasoula amebaki nyumbani, kama inavyotakiwa. Nilipotoka alikuwa dirishani. Wasichana watatu wako mlangoni mwa kanisa wakisukumana, wameshavua viatu ili wakimbie vizuri wakampelekee mama yao jina.

Bi Vaya kapita akanirekebisha kola. Mkono wake ulikaa hapo kidogo kuliko ilivyohitajika. Useme kwa sauti, akasema, padre masikio yake yamekwisha. Sijui alichomaanisha. Pengine hicho hicho tu.

Blanketi nimelikunja juu ya kitanda, nikalipigapiga liwe sawa, kama mtu asiyerudi. Mfuko wangu uko hapa miguuni, umefungwa. Basi hupita barabarani saa sita.

Kichanga anakuja! Hajabebwa. Ameshika kidole cha Zisis, anatembea kwenye changarawe, jua limempiga usoni anafumba jicho moja.

Padre ametoka mlangoni. Anapunga mkono. Wote wamegeuka, wananiita kwa nguvu — Stamata! Stamata!

Nainuka. Naenda.