Shosho Alikataa Kuimbia Kamera

Mercy dadangu,

Salamu kutoka Ndabibi, mahali baridi inakunywa chai yako kabla hujaishika. Baraka ni mzima, ameota jino lingine na ananiuma nalo.

Leo tumerekodi wimbo wa kubembeleza watoto. Shosho Wangari, nyanya mmoja mzee wa hapa, ndiye amebaki peke yake huku anayeujua wote. Kamera ikawekwa, tukanyamaza, naye akanyamaza.

“Imba tu, Shosho,” bosi wetu wa filamu akamwambia.

“Nimwimbie nani? Hicho chuma kimelia?”

Kumbe kwao wimbo wa mtoto hauimbwi bila mtoto. Nikaweka chini kamera yangu ya picha, nikamfunga Baraka mgongoni kwa Shosho na leso. Bosi akapaza sauti, “Tayari!” Mtoto akaangua kilio.

“Bosi,” nikamwambia, “ukipiga kelele tena utambeba wewe.” Akaanza kunong’ona kama mtu wa kanisani.

Shosho akaimba polepole, akizunguka uwanja wake kati ya kuku. Mercy, tumeupata wimbo wote, hadi mwisho! Lakini tulipoitazama filamu, mimi niko pale nyuma, nimelala juu ya gunia la viazi, mdomo wazi. Bosi akasema hapo atakata atoe.

“Wacha hivyo!” Shosho akamkemea. “Ukimtoa huyo, watu watajuaje huu wimbo unafanya kazi?”

Basi nimebaki ndani. Wewe kula vizuri, usiruke chakula cha mchana, nakujua. Nakupenda sana.

Mama Baraka